Mpaka wa Jirani
Somo: Kumbukumbu la Torati 19:14

Torati yakataza kusogeza alama ya mpaka wa jirani. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 nayo yasema kung'oa alama hiyo ni kosa.

Hapa Idsowe naongeza neno juu ya malka. Fensi yako ya miiba ikiziba njia ya ng'ombe kwenda Mto Tana, ng'ombe wenye kiu watapita kwa mahindi yako. Ugomvi wa malisho na maji ulitufikisha wapi mwaka 2012, sote twajua.

Kwa hivyo, kabla hujachimba shimo la kwanza, mwite jirani, awe Mpokomo au Muorma, na mzee wa kijiji. Pimeni pamoja. Fensi ikae upande wako, malka ibaki wazi. Mkikosana na ardhi ina cheti, nendeni kwa msajili wa ardhi. Panga libaki nyumbani.

Tuombe: Bwana, nilinde shamba langu bila kumnyima jirani maji. Amina.