Dondoo muhimu: Kusoma pamoja na kuinuana kikazi

Juni 1962, kwenye mkutano wa waandishi wa Afrika huko Chuo cha Makerere, mwanafunzi wa chuo hicho, Ngũgĩ wa Thiong'o, alimpa Chinua Achebe mswada wake. Achebe aliusoma, kisha akaufikisha kwa wachapishaji Heinemann. Mwaka 1964 ukatoka kama Weep Not, Child. Wewe nawe unahitaji kikundi cha watu wa kuusoma mswada wako.

• Anzeni wachache. Watatu hadi watano wanatosha. Mkizidi, wapole hunyamaza.

• Someni kwa sauti. Hili nalisisitiza kuliko yote. Sikio hunasa sentensi iliyozidi pumzi, neno lililorudiwa bure, mazungumzo ambayo hakuna mtu angeyasema. Mwandishi asijitetee, aandike pale wenzake walipocheka na pale walipoanza kutazama simu.

• Msisome kazi zenu tu. Chukueni kurasa chache za Rosa Mistika ya Kezilahabi au Siku ya Watenzi Wote ya Shaaban Robert, mwulizane mwandishi amefanyaje hapo. Nakala ni moja? Pokezaneni.

• Taja kwanza kilichokugusa, kisha kinachokwamisha, na useme ni ukurasa upi. "Nzuri sana" haimsaidii mtu kuandika upya.

• Mwenzenu akipotea, mfuateni hata kama hana kurasa mpya. Wengi huacha kuandika wakati huo, kwa kuona haya kufika mikono mitupu.