Wachinanteki wa Oaxaca na lugha zao za toni: maswali na majibu

Wachinanteki ni akina nani, na wanaishi wapi?

Wachinanteki ni wenyeji wa asili wa kaskazini mwa jimbo la Oaxaca, kusini mwa Meksiko. Nchi yao huitwa Chinantla. Ni eneo la milima mikali na mabonde yenye misitu minene, linaloanzia nyanda za joto karibu na mji wa Tuxtepec na kupanda hadi vilele vinavyokaribia mita 3,000. Mawingu yanayotoka Ghuba ya Meksiko hugonga milima hiyo na kumwaga mvua ambayo, katika sehemu zenye unyevu zaidi, hupita milimita 3,000 kwa mwaka. Maji hayo huteremka kwa mito ya Usila, Valle Nacional na Santo Domingo hadi kuingia Mto Papaloapan. Mahindi na maharage ndiyo chakula, kahawa ndiyo zao la fedha kwa vijiji vingi vya milimani, na vanila huota porini.

Sensa ya Meksiko ya mwaka 2020 ilihesabu wasemaji wa Kichinanteki zaidi ya 140,000. Baadhi yao siku hizi wanaishi nje ya Chinantla: katika jimbo jirani la Veracruz, katika miji mikubwa ya Meksiko na nchini Marekani.

Historia yao kabla na baada ya kuja Wahispania ni ipi?

Dola ya Waazteki iliitoza Chinantla ushuru kupitia kituo chake cha Tochtepec, ambacho ndicho Tuxtepec ya leo. Mwaka 1520, Hernán Cortés alipokuwa akijiandaa kupambana na Mhispania mwenzake, Pánfilo de Narváez, aliagiza kutoka Chinantla mikuki mirefu yenye ncha za shaba. Askari wake, Bernal Díaz del Castillo, aliisimulia mikuki hiyo katika historia yake ya vita vile. Ushirikiano huo haukuwaletea Wachinanteki nafuu ya kudumu. Maradhi yaliyoletwa na wageni yaliangamiza watu wengi wa eneo hilo, na walionusurika waliwekwa chini ya mapadri na mabwana wapya.

Karibu karne nne baadaye Valle Nacional, bonde lililo katikati ya nchi yao, lilipata sifa mbaya kwa mashamba ya tumbaku yaliyoendeshwa kwa kazi ya kulazimishwa. Mwandishi wa habari Mmarekani, John Kenneth Turner, aliyafichua mashamba hayo katika kitabu chake cha *Barbarous Mexico*, na maovu aliyoyaeleza yalisaidia kuichafua serikali ya rais wa Meksiko, Porfirio Díaz, katika miaka ile ile mapinduzi ya 1910 yalipokuwa yakikaribia.

Kichinanteki ni lugha moja au nyingi?

Ni nyingi. Jina la umoja limezoeleka katika sensa na katika ofisi za serikali, lakini linaficha hali halisi. Taasisi ya taifa ya lugha za asili, INALI, ilipotoa orodha yake rasmi mwaka 2008 iliigawa nchi nzima katika makundi 68 ya lugha yenye lahaja 364, na Kichinanteki kikawa kundi moja kati ya hayo 68. Orodha ya kimataifa ya misimbo ya lugha, ambayo kigezo chake kikuu ni kama watu wanaelewana, inatambua lugha 14 za Kichinanteki. Nyingi zinaitwa kwa majina ya miji yao: Usila, Ojitlán, Palantla, Sochiapam, Comaltepec, Quiotepec, Lalana, Lealao, Ozumacín na nyinginezo.

Kinachotenganisha ni milima. Kijiji kinachoonekana wazi ng'ambo ya bonde kinaweza kuwa mbali sana kwa miguu, na kwa karne nyingi kila bonde liliendelea kubadili matamshi yake bila kuwasubiri majirani. Mtu wa Usila na mtu wa Lalana wakikutana sokoni, mara nyingi njia yao ya kuelewana ni Kihispania. Kuzihesabu lugha hizi kuwa moja si kosa dogo la karani, kwa sababu kitabu kimoja cha shule kinachochapishwa kwa ajili ya “Kichinanteki” hakiwezi kumfaa kila mtoto wa Chinantla.

Zote kwa pamoja ni tawi la familia ya Oto-Mangue, pamoja na Kizapoteki, Kimiksteki na Kimazateki, majirani zao wa Oaxaca. Lugha zote za familia hiyo zina toni. Mwanaisimu Calvin Rensch alilinganisha maneno ya miji mbalimbali na kujenga upya lugha mama ambayo Kichinanteki chote kilichipuka kutoka kwayo. Kamusi yake ya asili za maneno ilitoka mwaka 1989.

Toni ni nini, na toni za Kichinanteki zina upekee gani?

Toni ni kidatu cha sauti kinachotumika kutofautisha maneno yenye herufi zilezile. Kiswahili sanifu hakina toni. Kina mkazo, ambao kwa kawaida hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Lakini wasomaji wengi wa Kiswahili wamelelewa katika lugha zenye toni, kama Kikuyu, Kichaga, Kiganda au Kirundi, na jambo hili wanalijua kwa masikio hata kama hawajawahi kufundishwa jina lake. Katika Kinyarwanda, *inda* ni tumbo au ni chawa, kutegemea sauti inavyopandishwa.

Tofauti ni ya kiwango. Lugha za Kibantu zenye toni kwa kawaida hutumia ngazi mbili, ya juu na ya chini, na neno lenyewe huwa refu kiasi cha kumsaidia msikilizaji hata toni ikimpita. Neno la Kichinanteki mara nyingi ni silabi moja tu. Kwa kuwa konsonanti na irabu za silabi moja zina mipaka, mzigo mkubwa wa maana hubebwa na kidatu. Kichinanteki cha Usila kinatofautisha ngazi tano bapa, zisizopanda wala kushuka, na juu ya hizo kina toni zinazoteleza kutoka ngazi moja hadi nyingine. Lugha zenye ngazi tano bapa ni chache sana duniani. Sochiapam ina toni saba, baadhi bapa na baadhi za kupanda au kushuka.

Na toni hazikai peke yake. Silabi hugawanyika katika aina mbili: zinazotamkwa kwa msukumo wa ghafla unaofifia upesi, ambazo wanaisimu huziita balistiki, na zinazotamkwa kwa nguvu tulivu hadi mwisho. Silabi mbili zenye toni moja zinaweza kuwa maneno mawili kwa sababu ya tofauti hiyo tu. Wataalamu wamebishana kwa miaka mingi kama chanzo chake ni mkazo wa kifua au ni pumzi inayotoka kooni baada ya irabu. Kisha kuna unazali. Palantla inajulikana sana katika vitabu vya fonetiki kwa sababu ina ngazi tatu: irabu isiyopita puani, inayopita puani kidogo, na inayopita puani sana. *Ha* ya kwanza ina maana ya “hivyo”, ya pili ina maana ya “anatandaza”, na ya tatu ni povu.

Je, toni hutofautisha maneno tu?

Hapana, na hapa ndipo penye utajiri mkubwa zaidi wa lugha hizi. Katika Kiswahili, nafsi na wakati vina viambishi vyake: *nilinunua, ulinunua, atanunua*. Mzizi *nunua* unabaki vilevile, na mwanafunzi akishajua *ni-*, *u-* na *a-* ameshika vitenzi vyote. Katika Kichinanteki, sehemu kubwa ya kazi hiyo hufanywa ndani ya silabi ya kitenzi chenyewe. Toni hubadilika, aina ya silabi hubadilika, na pengine irabu nayo. Kitenzi hubeba nafsi nne (mimi, sisi, nafsi ya pili, nafsi ya tatu) katika hali tatu (tendo linaloendelea, linalokusudiwa na lililokamilika). Hayo ni maumbo 12 kwa kitenzi kimoja.

Kama vitenzi vyote vingefuata kanuni moja, maumbo 12 yasingekuwa tatizo. Lakini kila lugha ya Kichinanteki ina makundi mengi ya vitenzi yenye mpangilio wake wa toni, na toni ya umbo moja mara nyingi haitoshi kumwezesha mtu kukisia toni za maumbo mengine. Enrique Palancar, mmoja wa wanaisimu waliochambua mifumo hii, ameonyesha jinsi makundi hayo yanavyoingiliana. Mtoto wa Chinantla huyamudu yote bila darasa lolote. Mtu mzima anayejifunza ukubwani hulazimika kukariri, kitenzi baada ya kitenzi.

Kuhusu mpangilio wa sentensi, kitenzi hutangulia kwa kawaida. Zaidi ya hayo, lugha hizi hutenganisha vyenye uhai na visivyo na uhai: kitenzi na kivumishi huchukua umbo moja kikihusu mtu au mnyama, na umbo jingine kikihusu kitu. Mswahili anayesema *miti mikubwa inaanguka* lakini *samaki wakubwa wanaogelea* hatashangazwa sana na utaratibu huo.

Ni kweli kwamba wanazungumza kwa mluzi?

Ni kweli, na mahali palipoelezwa kwa kina zaidi ni San Pedro Sochiápam. Wanaume wa huko wameweza kufanya mazungumzo kamili kwa mluzi kutoka shamba hadi shamba, mmoja akiwa upande huu wa bonde na mwingine upande wa pili. Wanawake huelewa mluzi huo, ingawa kwa desturi hawaupigi. Hizi si ishara chache za kuitana. Mluzi hufuata toni za maneno, msukumo wa silabi na vituo vya koo, na kuacha konsonanti na irabu zilizobaki. Kwa kuwa toni zina uzito mkubwa hivyo, msikilizaji anayejua mada huweza kuijenga upya sentensi nzima. David Foris, aliyeandika sarufi ya Sochiapam, na Mark Sicoli, aliyerekodi mazungumzo hayo kwa filamu, wameyaeleza kwa undani. Majirani Wamazateki nao wana mluzi wao, ulioelezwa na George Cowan mwaka 1948.

Afrika ina ndugu wa jambo hili. Ngoma za Walokele, wa mtoni karibu na Kisangani nchini Kongo, zilipeleka habari kwa sauti mbili, ya juu na ya chini, zilizofuata toni za lugha yao. John Carrington alizieleza katika kitabu cha mwaka 1949. Kwa kuwa Kilokele kina ngazi mbili tu, mpiga ngoma alilazimika kurefusha kila neno kwa fungu la maneno ya ziada ili lisichanganywe na lingine. Mpiga mluzi wa Sochiapam, mwenye toni saba, hana haja ya kurefusha hivyo. Simu na redio za mawasiliano zimepunguza sana matumizi ya mluzi, na vijana wanaoupiga ni wachache kuliko wazee.

Lugha hizi huandikwaje?

Kwa herufi za Kilatini. Padri Nicolás de la Barreda wa parokia ya Yolox alichapa katekisimu ya Kichinanteki mwaka 1730. Kazi kubwa ya kubuni alfabeti ilifanyika karne ya 20, hasa na wanaisimu wamisionari walioishi vijijini. Kila mji ulipata njia yake ya kuonyesha toni: Usila hutumia namba ndogo zilizoinuliwa juu ya mstari, mingine hutumia alama ndogo baada ya silabi. Mfumo wa herufi za kompyuta, Unicode, una alama kadhaa zilizoingizwa mahsusi kwa ajili ya toni za Kichinanteki. Ukurasa wenye namba kila neno humchosha macho mgeni, lakini kuziondoa ni kumwachia msomaji silabi tupu zisizojulikana nafsi wala wakati.

Ni nini kilichozidhuru zaidi lugha hizi?

Shule zilizofundisha kwa Kihispania pekee zilizidhuru kila mahali. Kwa Ojitlán na sehemu za Usila, pigo kuu lilikuwa bwawa. Amri ya rais ya mwaka 1972 iliidhinisha bwawa la Cerro de Oro, ujenzi ukaanza mwaka 1974 na kukamilika mwishoni mwa miaka ya 1980. Maelfu ya Wachinanteki walihamishwa, wengi wao hadi Uxpanapa katika jimbo la Veracruz, kwenye msitu uliokatwa kwa ajili yao na vijiji vilivyopewa namba badala ya majina. Wanaanthropolojia Alicia Barabas na Miguel Bartolomé walipinga mpango huo waziwazi katika ripoti ya mwaka 1973, wakauita mauaji ya utamaduni. Walikuwa sahihi. Watu wa miji mbalimbali walichanganywa, na penye mchanganyiko huo Kihispania kikawa ndiyo lugha ya wote.

Hali ikoje leo?

Haifanani. Katika vijiji vingi vya milimani watoto bado hukua wakisema lugha ya mji wao, ilhali karibu na Tuxtepec wazazi wengi huzungumza na watoto kwa Kihispania. Sheria ya mwaka 2003 ilizitambua lugha za asili kuwa lugha za taifa la Meksiko, sawa na Kihispania, na kuwapa wasemaji haki ya kusoma na kuhudumiwa kwa lugha zao. Lakini mwalimu wa lugha mbili anaweza kupangiwa kijiji ambacho Kichinanteki chake si kile anachokijua, na hapo somo hurudi kwenye Kihispania tangu siku ya kwanza. Sheria hiyo itawafikia Wachinanteki pale tu walimu watakapopangwa kwa kufuata lugha ya kila mji, badala ya jina moja lililoandikwa katika sensa.