Siku ya Dawa, Siku ya Kichana

Chawa wa kichwani wakigunduliwa nyumbani, watu huuliza dawa ipi ni kali. Swali hilo lina maana, lakini liko linalolitangulia: nywele zilioshwa kwa kitu gani kabla ya dawa kupakwa, na zitaoshwa tena lini? Dawa nzuri kutoka duka la dawa la Kondele au Nyalenda mjini Kisumu inaweza kushindwa kwa sababu ya mafuta yaliyopakwa asubuhi ile, au kwa sababu kichwa kilioshwa upya kesho yake. Kijitabu hiki kinatetea jambo moja, kwamba matibabu ya chawa yana siku za aina mbili zenye kanuni zinazopingana. Siku ya dawa, nywele zisiwe na mafuta hata kidogo. Siku ya kichana, nywele zilowe na kuteleza. Familia inayochanganya siku hizi hutumia pesa mara mbili na chawa hubaki.

Kwanza hakikisha kwamba ni chawa. Miongoni mwa watoto wa shule za msingi, kichwa kinachowasha mara nyingi kina mashilingi, yaani ukungu unaoacha mabaka ya mviringo yenye magamba na nywele zilizokatika. Mashilingi ya kichwani hutibiwa kwa vidonge vya kumezwa kwa wiki kadhaa kwa maelekezo ya mhudumu wa afya, na dawa ya chawa haiyagusi. Mba nao huanguka ukiupangusa kwa kidole, ilhali yai la chawa limeganda kwenye unywele na halisogei. Hata hivyo yai peke yake si ushahidi wa kutosha. Yai lililo mbali na ngozi, sentimita moja au zaidi, kwa kawaida ni ganda tupu au limekufa, kwa kuwa chawa hutaga karibu kabisa na ngozi kwenye joto, kisha unywele hukua na kulibeba. Anayehitaji dawa ni yule aliyeonekana na chawa anayetembea, na anayelala naye kitanda kimoja. Mtazame mtoto nje penye mwanga, nyuma ya masikio na kwenye kisogo.

Tabia za mdudu huyu ndizo zinazotupa kanuni zote zinazofuata. Chawa mzima ana ukubwa wa punje ya simsim. Haruki wala harukaruki. Hutambaa kutoka kichwa hadi kichwa vinapogusana, jambo la kawaida kwa watoto wanaolala kitanda kimoja. Jike huweza kutaga mayai hadi 8 kwa siku, na yai huanguliwa baada ya siku 7 hadi 10 hivi. Akiachwa bila kichwa cha kunyonya, chawa hufa ndani ya siku moja au mbili. Lakini maji hayamuui. Akizamishwa hufunga matundu yake ya kupumulia na anaweza kukaa hivyo kwa saa kadhaa, kwa hiyo kuosha kichwa mara tatu kwa siku kwa sabuni ya kipande kutachubua ngozi ya mtoto na kumwacha chawa mahali pake. Sabuni pia haiyeyushi gundi ya mayai. Usafi basi haumwondoi chawa, kama vile uchafu haukumleta, na mzazi hana sababu ya kuona haya.

Dawa inayopatikana kwa urahisi na inayofaa kuanza nayo ni permethrini ya asilimia 1, ambayo inaweza kutumiwa hata kwa mtoto aliyetimiza miezi 2. Wako wanaouliza kama ni sawa kumpaka mtoto kemikali ya wadudu. Permethrini ilibuniwa kwa kuiga sumu ya ua la pareto, zao wanalolijua wakulima wa Kisii na Nakuru, na huku kando ya Ziwa Viktoria ina historia ndefu: vyandarua vilivyotiwa kemikali hiyohiyo ndivyo vilivyotumiwa katika utafiti mkubwa wa taasisi za afya KEMRI ya Kenya na CDC ya Marekani kule Asembo na Gem, ulioanza mwaka 1996, na vifo vya watoto wadogo vikapungua. Hiyo haina maana kwamba unaweza kukiloweka kichwa katika dawa ya kutibia chandarua. Kipimo cha chandarua si kipimo cha ngozi, na usalama wake uko katika chupa iliyotengenezwa kwa ajili ya kichwa.

Siku hiyo ya dawa, fumua nywele zote. Matuta na rasta za kuongezea huficha ngozi, na dawa iliyopakwa juu yake hubaki juu. Kisha osha kwa shampuu ya kawaida isiyochanganywa na kondishona. Hapa ndipo wengi hukosea bila kujua, kwa sababu nywele zetu huzoeshwa mafuta kila siku: ya nazi, ya mgando, ya kopo la saluni. Mafuta na kondishona huufunika unywele na kuizuia dawa isishike. Kama kichwa kimepakwa mafuta kwa wiki nzima, kioshe mara mbili hadi nywele zikauke kwa mguso. Zifute kwa taulo zibaki na unyevu kidogo tu, maana maji mengi huizimua dawa. Ipake kuanzia kwenye ngozi hadi ncha, nyuma ya masikio na kisogoni bila kusahau, mtoto akiwa ameziba macho kwa kitambaa. Subiri dakika 10 kwa saa, si kwa kukisia. Suuza kwa maji ya uvuguvugu huku mtoto akiinamia beseni, ili dawa isimtiririkie mwilini. Dawa nyingine zina muda wake. Losheni ya malathioni, kwa mfano, huachwa saa 8 hadi 12, na kwa kuwa ina spiriti huwaka moto. Kichwa chenye dawa hiyo kisisogee karibu na jiko, mashine ya kukaushia wala kichana cha moto.

Baada ya hapo kazi ngumu zaidi ni kuacha. Usioshe nywele kwa siku moja hadi mbili, na usirudishe mafuta wala kondishona katika muda huo, kwa sababu dawa iliyobaki kwenye unywele ingali inafanya kazi. Saa 8 hadi 12 baada ya dawa, tazama tena. Ukiona chawa wachache wanaojikokota, dawa inafanya kazi na hakuna haja ya kuirudia. Ukiona wengi wanatembea kama jana, wamekuwa sugu au dawa haikupakwa vizuri, na hilo ni la kumpelekea mfamasia au kliniki. Mayai yaliyosalia yataanguliwa, ndiyo maana dawa hurudiwa karibu na siku ya 9, kabla ya watoto wa chawa kukomaa na kutaga. Kuwashwa kunaweza kuendelea wiki moja au mbili hata baada ya chawa kwisha. Mtu asimpake mtoto dawa kila siku kwa sababu anajikuna.

Siku ya kichana huja hizo siku mbili za kusubiri zikiisha, na kanuni inageuka. Sasa kondishona ni rafiki: humpunguza chawa mwendo, na meno ya kichana yanapita bila kumuumiza mtoto. Paka kwa wingi, gawanya nywele mafungu madogo, pitisha kichana chenye meno yaliyobanana kutoka kwenye ngozi hadi ncha, na kila mara kifute kwenye kitambaa cheupe uone kilichotoka. Rudia kila baada ya siku 2 au 3 kwa wiki 2 hadi 3, ila siku ya dawa ya pili ikifika, nywele zioshwe mafuta yote kwanza.

Je, kichana kinatosha peke yake? Ushahidi kutoka Uingereza umegawanyika, na ni afadhali msomaji auone ulivyo. Utafiti uliofanyika Wales na kuchapishwa mwaka 2000 ulikuta losheni ya malathioni ikiwaponya asilimia 78 na kichana asilimia 38. Mwaka 2005 utafiti mwingine ulikuta kinyume: kichana asilimia 57, na dawa za dukani asilimia 13 tu. Namna ninavyouelewa mgongano huu, dawa hutegemea chawa wa mahali kama wameshaizoea, nacho kichana hutegemea subira ya mkono unaokishika. Nyumba isiyojua chawa wake ni wa aina gani ina sababu ya kutumia vyote viwili.

Mzazi wa huku atapinga, na kwa haki, kwamba tafiti hizo zilifanywa kwa nywele nyororo. Kichana cha meno yaliyobanana hakipiti kwenye nywele za kipilipili kama kinavyopita kwenye nywele za mtoto wa London. Jibu ni kuanza na chanuo la meno mapana huku kondishona ikiwa tele, ukifumbua kutoka ncha kwenda kwenye ngozi, na kuleta kichana kidogo mwishoni. Kwa mtoto mwenye nywele nyingi kazi hii huchukua jioni nzima, na sioni faida ya kumdanganya mtu kuhusu hilo. Kwa mwenye dredi kichana hakipiti kabisa. Huyo aende kliniki aulizie vidonge vya ivermektini, ambavyo katika utafiti uliochapishwa mwaka 2010 viliwaondolea chawa asilimia 95 ya wagonjwa, wakati losheni ya malathioni iliwaondolea asilimia 85. Watoto walio chini ya kilo 15 hawapewi, na dozi hupangwa kwa uzito na mhudumu wa afya.

Kwa nini basi tusinyoe tu? Kunyoa kunafanya kazi. Chawa hana pa kushika. Kwa mvulana ambaye angenyolewa Jumamosi hata hivyo, ni njia nafuu kuliko zote, mradi kinyozi asafishe mashine kwa spiriti, la sivyo mtoto atatoka na mashilingi mahali pa chawa. Lakini isiwe adhabu wala amri. Kwa familia nyingine nywele ni ibada: mwaka 2019 Mahakama Kuu ya Kenya iliamua kwamba mwanafunzi wa Kirastafari hakupaswa kufukuzwa shule kwa sababu ya nywele zake. Msichana anayenyolewa kwa nguvu mbele ya wenzake hujifunza kuficha kichwa chake mara nyingine, na kichwa kilichofichwa huwaambukiza wengine.

Mafuta ya taa hayana utetezi. Huunguza ngozi, huwaka karibu na koroboi au jiko, na mtoto akiyameza kidogo yakaingia mapafuni anaweza kufa. Dawa za unga na za maji za duka la kilimo, zilizotengenezwa kwa ajili ya kupe wa ng'ombe au wadudu wa mahindi, ni hatari zaidi, kwani sumu hupita kwenye ngozi ya kichwa. Mtoto aliyepakwa akianza kutokwa na mate mengi, kutapika au kupumua kwa shida, mvue nguo, msuuze kwa maji mengi na mkimbize hospitali mara moja. Nenda na chupa au pakiti iliyotumika ili daktari aione.

Jambo moja ni letu sisi wa pwani ya ziwa. Dunga, Usenge, Kendu Bay au Mbita, wengi huoshea kichwa ziwani kwa sababu maji ni bure. Ziwa lina kichocho, na wanaoosha magari ufukweni Kisumu wamechunguzwa na watafiti kwa miaka mingi kwa sababu hutibiwa na kuambukizwa tena kwa kusimama majini tu. Vijidudu vyake hupenya ngozi nzima, sembuse iliyojaa michubuko ya kujikuna. Zaidi ya hayo, kusuuza dawa ziwani ni kuimwaga sumu hiyo kwa samaki, maana permethrini huwaua. Maji ya ziwa yaliyotekwa na kuchemshwa, kisha kupoa hadi uvuguvugu, yanafaa. Yaliyokaa kwenye mtungi uliofunikwa kwa siku 2 bila konokono, ambao ndio hutoa vijidudu hivyo, nayo ni salama kuogea. Yaliyosuuza dawa yamwage chooni.

Nyumba haihitaji kupuliziwa dawa. Shuka, leso, vilemba na kofia za shule zilizovaliwa katika siku 2 zilizopita zifuliwe kwa maji ya moto na kuanikwa juani au kupigwa pasi. Visivyofulika vifungwe kwenye mfuko wa plastiki wiki 2. Vichana viloweshwe kwenye maji ya moto kwa dakika 10. Wote wa nyumbani watazamwe siku ileile, na wenye chawa hai watibiwe kwa wakati mmoja, pamoja na anayelala nao kitanda kimoja. Mtoto aliyepakwa dawa jioni anaweza kwenda shule asubuhi, na mwalimu aambiwe ili wazazi wengine wavikague vichwa vya watoto wao wiki hiyohiyo.