Wahusika Wangu Wanaongea Mno

Swali: Ninaandika skripti yangu ya kwanza ya filamu. Wenzangu wanasema wahusika wanaeleza kila kitu kwa maneno. Nifanyeje?

Jibu: Andika kwanza tukio zima bila mtu kufungua mdomo. Riwaya huingia moyoni mwa mhusika. Kamera, kinyume chake, huona uso, mikono na chumba. Soma riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute, kisha utazame filamu ya Amil Shivji ya 2021 iliyotokana nayo. Humo, msichana Yasmin ameozwa mwanamume mzee asiyempenda. Ingekuwa skripti yako, asingehitaji kutamka chuki yake: ampakulie chakula, aketi mbali, yeye mwenyewe asile. Mtazamaji ataelewa, tena ataumia zaidi. Ndipo urudishe mazungumzo, lakini yale tu ambayo mhusika anayatumia kupata kitu au kuficha kitu. Mengine yafute, hata kama ni matamu.