Somo la Kiingereza: Maneno ya Barua za Kazi

Ndugu wafanyakazi, Kiingereza cha dukani na cha msimamizi wengi wetu tunakimudu. Kinachotushinda ni kile cha karatasi tunayopewa kutia sahihi au dole gumba siku ya kuachishwa kazi. Hata Waingereza wenyewe hawakisemi nyumbani.

Tuanze na "ex gratia". Hutamkwa eks-GREI-sha. Ni Kilatini, maana yake "kwa hisani". Malipo yakiitwa hivyo, mwajiri anasema: nakupa kwa kupenda kwangu, wala sikiri kwamba unanidai. Sisi hukiita kifuta jasho. Lakini kiinua mgongo kilichoandikwa katika mkataba ni haki, nacho hudaiwa hata mahakamani. Basi ukiona kiinua mgongo, notisi na likizo ambayo hukuichukua vyote vimejumlishwa chini ya maneno hayo mawili, usitie sahihi. Ipeleke karatasi kwa katibu wa tawi kwanza.

"Waive" hutamkwa weiv, sawasawa na neno lao la kupunga mkono, ingawa herufi ni tofauti. Maana yake ni kuiacha haki yako kwa hiari. Ukisomewa haraka-haraka utadhani unaagwa tu. Kumbe wewe ndiye unayeziaga fedha zako.

"Indenture" hutamkwa in-DEN-cha, na asili yake ni neno la Kilatini la jino. Zamani huko Uingereza mkataba uliandikwa mara mbili katika ngozi moja, kisha ngozi ikakatwa kwa meno-meno kama ya msumeno. Kila upande ulichukua kipande chake. Ukizuka ubishi, vipande viliunganishwa. Meno yasipooana, kuna aliyeghushi. Baadaye neno hilo likawa la mikataba ya vibarua waliopelekwa ng'ambo. Kwa mikataba ya namna hiyo Wahindi wapatao 32,000 waliletwa kujenga reli ya kutoka Mombasa hadi Ziwa Viktoria, mwaka 1896 hadi 1901. Karibu 2,500 walikufa.

Zoezi: someni maneno haya matatu kwa sauti, wawili wawili. Kisha kila mmoja atafute nakala ya mkataba wake mwenyewe na kuangalia kama yamo. Asiye na nakala aiombe ofisini wiki hii, kwa maandishi.