Dondoo muhimu: Ukisimamishwa chuo, anza na barua

Mwanafunzi wa Kigali aliyesimamishwa masomo hukimbilia kueleza kwamba hana kosa. Lakini hoja yenye nguvu zaidi mara nyingi ni utaratibu: je, aliandikiwa tuhuma, akaoneshwa ushahidi, akapewa muda wa kujitetea? Kifungu cha 29 cha Katiba ya Rwanda kinampa kila mtu haki ya kujua anatuhumiwa nini na kujitetea. Kwa hiyo dai uamuzi kwa maandishi, soma kanuni za chuo, kisha kata rufaa ndani ya muda uliowekwa na utunze nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Muda ukipita, hata madai ya haki kabisa hukataliwa.

Wapo wasemao chuo kina mamlaka ya kulinda nidhamu. Kinayo kweli, na rufaa haiyapingi. Inataka tu yatumike kwa sheria. Wengine hutaka kwenda mahakamani moja kwa moja. Kwa chuo cha umma kama Chuo Kikuu cha Rwanda, sheria ya mwenendo wa kesi ya mwaka 2018 inataka kwanza ulalamike kwa mamlaka iliyo juu ya aliyetoa uamuzi. Andika barua ya rufaa leo.