Je, Mganga wa Kienyeji Apewe Ruhusa ya Kutoa Dawa za Hospitali?

Swali hili lilinijia likizo ya mwezi wa sita, nilipokwenda kumwamkia babu yangu mzaa mama, kijijini upande wa Kintinku. Babu ni mganga wa kienyeji, hutibu kwa mizizi na magome. Alipokwisha kuipokea shikamoo yangu alitoa kopo la vidonge, akasema, "Mjukuu wangu, wewe wasoma sayansi. Nisomee hapa, hivi huponya nini?" Nikasoma: diklofenaki. Akaniambia pasipo kuficha kwamba ataka kuvisaga na kuvichanganya katika unga wake wa maumivu ya mgongo, kwa kuwa wagonjwa hulalamika ya kuwa dawa yake hukawia.

Niliona haya kumkatalia mzee, wala sikuwa na jibu. Niliporudi shuleni nilimwendea mwalimu wetu wa bayolojia, nikasoma na habari za sheria.

Uganga wa kienyeji si haramu katika nchi yetu. Kweli, zamani ulikuwa katika mashaka, maana baada ya Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928 wakubwa wengi walimtazama mganga na mchawi kwa jicho moja. Baada ya uhuru mambo yaligeuka. Mwaka 1974 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianzisha pale Muhimbili kitengo cha kuchunguza dawa za asili, na mwaka 2002 Bunge likapitisha Sheria ya Tiba Asili na Tiba Mbadala, iliyounda Baraza la kuwaandikisha waganga. Lakini angalieni: kibali hicho ni cha tiba asili tu. Atakaye kutibu kama daktari hana budi asajiliwe na baraza jingine, kwa sheria ya mwaka 2017, na huko huulizwa cheti cha chuo. Pengine lugha yetu yenyewe imetutega, kwani mkubwa wa afya wilayani twamwita Mganga Mkuu, na babu yangu naye ni mganga!

Wako wasemao kwamba vijijini waganga ni wengi na madaktari ni haba, mbona wasiruhusiwe? Nakiri hoja hii yanivuta. Huko India, jimbo la Maharashtra lilibadili sheria mwaka 2014, likawaruhusu matabibu wa homiopathi kuandika dawa za kisasa baada ya kusomea dawa hizo mwaka mmoja. Madaktari walipinga vikali, ingawa matabibu hao walikwisha kukaa chuoni miaka mingi. Na kwetu, tangu Maduka ya Dawa Muhimu yalipoanza mkoani Ruvuma mwaka 2003, wauzaji wasio wafamasia hupewa mafunzo, ndipo waruhusiwe kuuza dawa zilizomo katika orodha yao. Basi mlango haukufungwa kabisa. Hufunguliwa kwa mafunzo, tena kwa kiasi cha mafunzo hayo.

Sasa nirudi kwenye kopo la babu. Diklofenaki hutuliza maumivu, lakini huweza kuchubua tumbo hata likatoka damu, na kuumiza figo, hasa za wazee. Kwa kawaida mtu mzima hapitishi miligramu 150 kwa siku. Babu hupima unga kwa kijiko. Nani ajuaye kijiko kile kimebeba miligramu ngapi? Tena mgonjwa hana habari. Maumivu yakimrudia atanunua diklofenaki dukani, aimeze juu ya ile ya unga. Siku akipelekwa zahanati akitapika damu, ataulizwa amekunywa dawa gani, naye atajibu kwa moyo mweupe, "Mizizi tu."

Likizo fupi nilimweleza babu hayo yote. Alisikiliza huku akitwanga. Kisha akauliza, "Na huyo daktari, aweza kutoa mizizi yangu?"

Nikamjibu, "La, babu, hajui kipimo chake."

Alicheka sana. Jioni akanipa karatasi nimwandikie barua kwa mtendaji wa kijiji, ya kuuliza njia ya kuandikishwa. Vidonge alimpa bibi avirudishe dukani, lakini mwenye duka alikataa kurudisha fedha.